Mlango Anaoujua Dereva

3 Februari

Mume wangu mdogo,

Hujambo huko? Mimi mzima, ila magoti ndiyo yanajifanya wazee kuliko mwenyewe. Soksi ulizotuma nimezipata. Moja inatosha miguu yote miwili, kwa hiyo nyingine nimekuwekea.

Usiniulize kwa nini sipigi simu. Simu mtu anasema, anakata, unabaki umeshika kitu cha moto sikioni. Barua inakaa.

Nilikwambia mwenye nyumba wetu alifariki. Sasa nyumba ni ya mwanawe, yule uliyekuwa ukicheza naye gololi, akishindwa analia mpaka mama yake anakuja. Siku hizi mtaa mzima unamwita Bwana Futi, maana hatembei bila futi ya kupimia mkononi. Juzi alikuja akapima kibaraza, akapima vyumba vyote viwili, akapima hata dirisha. Nikamuuliza, "Bwana Futi, unanishonea gauni?" Akasema, "Bibi, hapa nataka kujenga ghala. Mwezi huu ukiisha uwe umetoka." Akaviringisha futi yake akaenda zake.

Sasa sikia. Wewe uko mahakamani, unakaa na Jaji. Mwambie. Mwambie bibi yako ni fundi cherehani, hana deni la kodi, hana ugomvi na mtu. Mwambie pia kwamba siwezi kuhama. Sababu unaijua. Babu yako anaujua mlango huu tu. Akirudi akakuta ghala, atamgongea nani? Magunia?

Nijibu upesi.

Bibi yako,
Fundi

*

12 Februari

Bibi yangu mpendwa,

Shikamoo. Barua yako nimeisoma nikiwa nimesimama, nikaisoma tena nimekaa.

Kwanza naomba nirekebishe jambo. Mimi sikai na Jaji. Mimi niko masjala, chumba cha kuingilia, penye dirisha la kupokelea majalada. Ubao wa dirisha umelika mahali ambapo watu huegemeza viwiko wakingoja. Mimi nagonga muhuri, nafunga utepe, napanga rafuni. Bado niko kwenye muda wa majaribio, na karani haruhusiwi kumshauri mtu mwenye shauri. Kwa hiyo haya nakwambia kama mjukuu tu, na tafadhali barua hii usimsomee mtu.

Bibi, usije mahakamani. Mgogoro wa mpangaji na mwenye nyumba sheria imeuwekea mahali pake pa kuanzia, nako ni Baraza la Nyumba, hapo hapo mjini kwenu, nyuma ya posta. Baraza lisikilize, liamue. Asiyeridhika ana ngazi ya rufaa. Akimaliza ngazi hizo ndipo mahakama inafungua mlango. Anayeruka, shauri lake linafutwa hata kama haki ni yake. Naona kila wiki. Wiki iliyopita mama mmoja alikuja na wakili, kavaa vizuri, kabeba picha za nyumba yake iliyoezuliwa. Jaji hakuzitazama. Aliuliza kama walianzia Barazani, wakasema hapana, basi. Yule mama alibaki kwenye benchi na picha zake mapajani. Nilitaka kutoka kumwambia aanzie wapi. Sikutoka. Niliogopa.

Sitaki wewe uwe kwenye benchi lile.

Chumba changu hapa kina dirisha linalotazama ukuta. Asubuhi kuna mashine ya kusaga jirani, na kabla sijaamka vizuri huwa nadhani ni cherehani yako.

Mjukuu wako,
Karani

*

20 Februari

Karani,

Nimekuomba maji, umenionyesha ramani ya kisima.

Sikusomesha mtoto ili anitume nyuma ya posta. Nitumie Jaji. Barazani siendi, na usiniulize tena. Pale wanauliza maswali mengi. Mahakamani nasikia wakili ndiye anayesema, wewe unakaa tu umenyamaza. Hiyo ndiyo sheria ninayoitaka.

Bwana Futi alipita jana, hakusema kitu. Mimi naendelea. Nina sare za shule za kumaliza. Cherehani nimeisogeza karibu na kizingiti, siku hizi napenda upepo. Upepo ni mwingi sana.

Kula vizuri.

Bibi yako

*

1 Machi

Bibi yangu,

Shikamoo. Najua umekasirika, maana umeniita Karani, hukuniita mume wako. Nimekubali talaka, lakini nisikilize.

Baraza si watu wabaya. Ni meza moja, mwenyekiti, katibu na viti. Halihitaji wakili. Unaandika lalamiko lako kwa maneno yako, Bwana Futi anaitwa, mnasikilizwa. Wakati shauri liko pale, haruhusiwi kukutoa.

Jambo moja tu ulitunze kama jicho. Andika jina la mpangaji kama lilivyo kwenye mkataba. Hapa kwetu jina la kwenye jalada lisipolingana na la kwenye hati, tunarudisha. Nimefokewa mara moja kwa kupokea yasiyolingana, na tangu siku ile huwa nayasoma kwa kidole. Kwa hiyo usiongeze wala usipunguze.

Tafadhali nenda. Nikikufikiria umekaa hapo kizingitini ukimsubiri Bwana Futi na futi yake, silali.

Mjukuu wako,
Karani

*

19 Machi

Mume wangu mdogo,

Haya, nimeenda. Nilifanya ulivyosema, sikuongeza, sikupunguza. Mkataba umeandikwa jina la babu yako, nikaandika jina la babu yako.

Tulikuwa wengi tumebanana kwenye viti. Mwenyekiti ni mama mnene mwenye miwani ya kamba shingoni. Katibu akasimama, akaita jina. Jina lake lote, na la baba yake, kwa sauti ya kusikika mpaka barabarani.

Nikasimama mimi.

Mwenyekiti akashusha miwani. "Wewe ndiye?"

"Huyo ni mume wangu."

"Yeye yuko wapi?"

"Safarini."

"Anarudi lini?"

"Alisema atachelewa."

Bwana Futi akaangua kicheko. "Mheshimiwa, huyo mzee kaondoka na lori mimi sijazaliwa, hata kunyonya sijaanza."

Watu wakacheka. Nikamgeukia. "Na ulipoanza hukuachishwa mpaka leo, ndiyo maana unalilia chumba cha ajuza." Wakacheka tena, safari hii upande wangu. Mwenyekiti akagonga meza, akasema mlalamikaji lazima afike mwenyewe, hawawezi kumsikiliza mtu asiyekuwepo. Wakaahirisha mpaka atakapokuja.

Nimetoka mikono mitupu. Lakini nikwambie jambo, usinicheke. Huku mtaani wote wanamwita Dereva. Jina lake lenyewe sijasikia mtu akiliita kwa sauti tangu marehemu mama yako hajaota meno. Katibu alipoliita, niligeuka kutazama mlangoni. Watu wengine nao wakageuka. Tulikuwa ukumbi mzima tunamngoja yeye.

Nilifurahi, mume wangu. Kwa muda mfupi nilifurahi sana.

Bibi yako

*

24 Machi

Kwako Karani,

Salamu. Mimi ni Fundi Viatu, jirani wa bibi yako. Wewe ulikuwa ukiniibia gundi. Nakuandikia bila yeye kujua, na akijua nitahama mimi.

Bibi yako hana mlango. Bwana Futi aliung'oa mwezi wa pili kabla haujaisha, akaja na fundi na patasi wakaondoka nao begani, fremu wakaiacha. Wanajua ajuza bila mlango atachoka. Yeye ametundika pazia la vipande vya sare, anakaa hapo kizingitini anashona, usiku anasinzia kwenye kiti chake cha cherehani. Tumemwambia alale kwetu. Anasema, "Nikitoka, watasema nimehama." Ametuapisha tusikwambie, eti wewe ni mwoga, utaugua tumbo.

Jingine. Bwana Futi anatamba kwamba Baraza ni la kupoteza muda, amepata wakili huko mjini kwenu, anakwenda moja kwa moja kwa Jaji kuchukua amri ya kumtoa. Huenda mtaonana.

Ile barua uliyosema asimsomee mtu, alitusomea wote kibarazani. Umeandika vizuri. Lakini tulijiuliza kama yule mama wa picha alipata mtu wa kumwelekeza.

Fundi Viatu

*

4 Aprili

Bibi yangu,

Shikamoo. Ulisema siku hizi unapenda upepo. Sitauliza zaidi. Anayetaka kumlaumu mtu anilaumu mimi, niliyejua umesogeza cherehani mlangoni nisijiulize kwa nini.

Nina mambo mawili, na yote mawili yananitia baridi kuyaandika.

La kwanza. Jumatatu wakili mmoja aliweka jalada kwenye dirisha langu. Nilisoma majina kwa kidole kama kawaida yangu, nikafika kwenye jina la babu. Mkono ulibaki juu ya pedi ya wino. Wakili akasema, "Vipi, kijana, muhuri umekauka?" Ningeweza kugonga nikanyamaza. Ningeweza pia kulisukuma nyuma ya rafu, na Mungu anisamehe, hilo pia lilipita kichwani. Nikamwomba angoje, nikaenda kwa Msajili.

Nikamwambia, "Mheshimiwa, nyumba iliyotajwa humu anakaa bibi yangu."

Akavua miwani. "Bibi wa kukuzaa?"

"Aliyenilea pia."

"Basi usiguse. Na kilichomo humu usikizungumze."

Amenihamishia chumba cha nyuma, kwa majalada ya zamani. Sijui kama nimehamishwa au nimeanza kufukuzwa. Kilichomo kwenye jalada sikwambii, kwa sababu sikukisoma.

La pili ni kosa langu. Nilikuambia uandike jina la kwenye mkataba. Nilifikiri kama karani wa dirishani. Sheria ya nyumba inamtambua pia mke aliyebaki ndani ya nyumba, anayekaa na kulipa. Mpangaji ni wewe, Bibi. Rudi Barazani uandike jina lako.

Watakuuliza juu yake. Nafikiri ulijua tangu mwanzo kwamba watauliza, ndiyo maana hukutaka kwenda. Hawatakutaka useme kwamba amekufa, wala kwamba amekuacha. Watakutaka useme jambo moja tu, kwamba hakai hapo.

Bibi, hakai hapo.

Nisamehe.

Mjukuu wako

*

11 Aprili

Karani,

Barua yako imefika. Umeandika neno ambalo marehemu mama yako hakuthubutu kulisema mbele yangu mpaka anaingia kaburini.

Nguo zake zimo sandukuni. Kila mvua zikiisha nazitoa juani. Bado unaniambia hakai hapa?

Mlango huu mimi sijawahi kuukomea kwa ndani tangu aondoke, kwa sababu alikuwa mtu wa kuingia bila kugonga. Nasema mlango, ingawa sasa ni pazia. Fundi Viatu nimeshamnunia kwa ajili yako.

Usiniandikie kwanza.

*

29 Aprili

Bibi yangu,

Shikamoo. Umesema nisiandike, nami nimejaribu. Leo naandika kwa sababu jambo lenyewe limesomwa hadharani, hata mpita njia angeweza kulisikia.

Shauri la Bwana Futi limefutwa.

Msajili aliniruhusu kukaa benchi la nyuma kabisa, kama mtu yeyote. Bwana Futi alikuja na koti jipya. Wakili wake alisema kwa urefu, nyumba, ghala, hasara. Jaji alimwacha amalize, kisha akauliza, "Barazani mlifika?" Wakili akasema jambo lilikuwa la haraka. Jaji akasema, "Haraka haina mlango wake hapa," akafunga jalada. Bwana Futi alimtazama wakili, wakili akatazama viatu. Ile kanuni uliyoitukana kwamba ni ramani ya kisima, Bibi, ndiyo iliyomzuia. Haikujali kama aliyeruka ni mwenye nyumba au fundi cherehani.

Nilipotoka nilimkuta kwenye ngazi. Alinitambua. Akasema, "Kumbe bado unashinda gololi." Nikampisha ashuke.

Lakini usipumzike. Sasa anajua njia, na atakwenda Barazani yeye. Ataandika kwamba mpangaji ni babu, na kwamba babu kaitelekeza nyumba. Wataita jina lile tena. Ukisimama useme yuko safarini, Bwana Futi atapewa nyumba, kwa sababu nyumba itakuwa ya mtu asiyekuwepo. Lazima uingie kabla yake, kwa jina lako.

Siwezi kukulazimisha. Lakini nakumbuka nilivyokuwa nikilala chini ya meza ya cherehani, juu ya vitambaa, mguu wako ukikanyaga karibu na kichwa changu. Niliyekuwa namsikia ni wewe. Watu wanaosema nyumba ya Dereva wanasema kwa mazoea. Mimi Dereva sikumwona. Nikiwa hapa nikaota nyumbani, anayefungua mlango ni wewe.

Yule mama wa picha alirudi kuulizia jalada lake. Safari hii nilitoka nje, nikamwonyesha Baraza liliko.

Nataka kuomba ruhusa nije. Naandika maombi, nayachana. Naogopa Msajili atasema ndiyo ile sababu ya kunifukuza aliyokuwa akiitafuta.

Mjukuu wako,
Karani

*

22 Mei

Mume wangu mdogo,

Nimekusamehe siku ileile, ila nilitaka usote kidogo.

Nimekwenda. Nilivaa gauni la bluu, lile nililojishonea mimi mwenyewe, si la mteja. Fundi Viatu alibaki kwenye kiti changu kulinda kizingiti, akapigilia soli hapo hapo ili watu wasikie kuna mtu.

Katibu akaita jina langu. Lilikuwa na sauti ngeni. Nikasimama.

Mwenyekiti akauliza, "Mpangaji ni nani?"

"Mimi."

"Na huyu wa kwenye mkataba?"

Niligeuka kutazama mlangoni. Sitakudanganya, niligeuka. Alikuwepo tarishi tu, ameegemea nguzo, anachokonoa meno.

"Hakai hapo," nikasema.

"Ongeza sauti, mama, katibu hakusikia."

Ya kwanza ilinitoka yenyewe. Ya pili nilienda kuitafuta mbali, nikaileta, nikaisema. "Hakai hapo." Katibu akaandika. Hakuna aliyeniuliza kama kafa. Ulisema kweli.

Bwana Futi akarukia, "Basi, mheshimiwa, mkataba umekwisha!" Mwenyekiti akamtazama juu ya miwani. "Baba yako alikuwa akipokea kodi kwa mkono wa nani?" Akaanza kuviringisha futi yake. "Kibaraza alikuwa akifagia nani?" Akasema, "Lakini mheshimiwa..." Mama yule akasema, "Nimekuuliza kibaraza." Ndipo akasema, "Huyu Bibi." Sauti yake ilikuwa ileile ya gololi.

Wameandika kwamba mpangaji ni mimi. Akitaka nyumba yake kwa sababu ya haki, aje Barazani na sababu, anipe notisi, tusikilizwe. Na kabla ya neno lingine lolote, arudishe mlango.

Kaurudisha jana. Kauleta begani yeye na fundi, mtaa mzima umekaa nje unatazama kama arusi. Bawaba moja inalia, nimeipaka mafuta. Walipoondoka nilikaa ndani nikautazama. Nikainuka, nikashika komeo. Lilikuwa na kutu, halijawahi kusukumwa. Nikalisukuma mpaka mwisho. Nikangoja nione nitajisikiaje. Nilisikia njaa, nikaenda kupika.

Nguo zake sijazitoa sandukuni. Hilo Baraza halikuniuliza, na wewe usiniulize. Akija, ajifunze kugonga kama watu wengine.

Sasa habari yako. Unaandika maombi, unayachana. Mimi nimesema mbele ya ukumbi mzima, mara mbili, neno nililolikimbia umri wa mama yako wote na wako. Wewe unaogopa karatasi. Nenda kwa huyo Msajili wako, sema bibi yangu yu hai na ana mlango. Akikufukuza, nina sare za shule hapa, vifungo vinahitaji mkono.

Nimemngoja mmoja, inatosha. Usinifanye nianze na wa pili. Ukifika gonga kwa nguvu, masikio yangu unayajua.

Bibi yako,
Mpangaji